Ng'ombe wa Mzee M'Rimberia Hakuwa Tasa

Siku yangu ya kwanza kazini, huko Kiritiri, Afisa wa Mifugo hakunipa hata kiti. Alinipeleka moja kwa moja bomani, akanionyesha ng'ombe aliyesimama tuli huku mwenzake akimpanda mgongoni.

"Umeona? Asipotaka, husogea. Huyu hasogei, na hiyo ndiyo dalili ya kuamini. Kulialia, kuinua mkia, ute kama wa yai bichi, hizo ni za kusaidia tu. Ukiziona asubuhi, jioni mpandishe. Kesho ni bure."

Hiyo ndiyo iliyokuwa kazi yangu: kupandisha ng'ombe kwa mrija, mbegu za dume zikiwa kwenye mtungi wa baridi kali niliofunga nyuma ya pikipiki. Ng'ombe hawakuwahi kunisumbua. Lakini watu, ala! Watu ndio walionizeesha.

Nilipohamishiwa Meru nilikuta kila boma lina ng'ombe mmoja, amefungiwa bandani. Sasa huyo atapandwa na nani ili tumjue? Anabaki anayemkamua kusoma dalili. Anayemkamua ni mke wa mwana, mwenye ng'ombe ni baba mkwe, na mwanamke hawezi kusimama mbele ya baba mkwe akataja mambo ya dume. Eti heshima! Basi anasema, "Baba, ng'ombe haisikii vizuri." Mzee anatafuta dawa ya minyoo. Mimi napigiwa simu kesho kutwa, nafika, ng'ombe ametulia anacheua zake. Jamani, nilikuwa nataka kulia.

Boma lililonichosha kuliko yote lilikuwa la Mzee M'Rimberia, juu kidogo ya Makutano. Tangu azae mara moja, ng'ombe wake alikuwa amekosa kushika mimba mara nyingi hadi akaitwa tasa. Jioni moja niliitwa nikatibu "homa", nikamkuta mchinjaji mlangoni pa banda na kamba mkononi, mzee akiwa ndani. Ng'ombe analia, mkia juu, ute unaning'inia! Karimi, mke wa mwana wa mzee, alisimama kando na ndoo, machozi yanamtoka. Ng'ombe huyo akienda, watoto wa Karimi ni chai ya strungi tu, bila maziwa.

"Ameanza lini kulia hivi?" nikamuuliza.

"Asubuhi."

"Na mzee ulimwambia nini?"

"Nilimwambia iko mgonjwa."

Hasira zikanipanda, nikamnong'oneza. "Mama, nikisema mimi, mzee ataona najitafutia kazi. Sema wewe, ama ng'ombe aende na kamba ya mchinjaji!"

Karimi akaweka ndoo chini. "Baba, hii ng'ombe si mgonjwa na si tasa. Inataka dume. Kila mara inataka, na kila mara mimi naogopa kusema."

Mzee akageukia ukuta. Mchinjaji akakohoa. Nilijua wakati unatuponyoka. Mwishowe mzee akatoka, na alipofika langoni akasema bila kugeuka, "Daktari, fanya kazi yako."

Alizaliwa ndama jike.

Sasa nimestaafu, naishi Majimbo, Embu, na bado simu za "ng'ombe mgonjwa" zinanifuata, zote zimechelewa. Nimefoka hadi nimechoka. Juzi kapiga Mzee M'Rimberia.

"Daktari, kuja."

"Ng'ombe ina nini?"

"Sijui, na siwezi kuuliza. Karimi amesema kuja."

"Mzee, mimi nilistaafu."

"Staafu kesho. Karimi amesema ni leo."