Mmarekani wa Al Wakrah Aliyefunga Bendeji Goti Zima

Saa kumi na mbili kasorobo asubuhi, jua la Doha bado lina adabu. Shaun Whitlock anaingia kwenye ukumbi wa klabu yake mjini Al Wakrah, kusini kidogo ya Doha, anamsalimia mlinzi wa zamu, kisha anasimama juu ya ngazi kumi na mbili zinazoshuka hadi uwanja wa mpira wa vikapu.

Anageuka. Anashika chuma cha pembeni kwa mikono miwili na kuanza kushuka kinyumenyume, mguu mmoja baada ya mwingine, kama mtu anayeteremka kutoka darini. Ana urefu wa futi sita na inchi nane, na ngazi hizo kumi na mbili zinamchukua karibu dakika mbili.

Silvesta, mlinzi kutoka Kakamega, amekuwa akiyaona haya tangu Novemba. "Mimi nilifikiria ni mazoezi," anasema. "Nikaona wacha nisimsumbue. Hawa watu wa michezo huwa na vitu zao."

Si mazoezi. Ni goti.

Leo ni Jumanne ya mwezi wa Mei, msimu umekwisha, na saa nne daktari wa klabu atampima Shaun. Akionekana mzima, kuna mkataba wa msimu mmoja zaidi. Akionekana mbovu, khalas, yaani basi, ni tiketi ya kurudi kwao Toledo, jimbo la Ohio, na kazi aliyoifanya kwa miaka kumi na minne itakuwa imeishia hapo. Ana umri wa miaka thelathini na sita na hajui kazi nyingine. Kabla ya hii aliwahi kupakia magurudumu kwenye ghala moja, likizo moja tu ya kiangazi.

Ukisikia Mmarekani, tena mchezaji wa kulipwa, rahisi sana kumwonea wivu. Tunawaona kwenye runinga wakishuka kwenye magari yasiyo na bei. Hao ni wachache mno. Wenzao mamia kwa mamia, ambao ligi kubwa ya kwao haikuwataka, hutawanyika duniani na begi moja la viatu, wakienda kokote anakosema wakala. Shaun ni wa kundi hilo.

"Mimi ni kibarua," anasema, akijinyoosha sakafuni. "Kibarua mwenye viatu vizuri."

Mshahara wake wa kwanza, huko Ufini, ulikuwa dola elfu moja mia nane kwa mwezi. Alikuwa na miaka ishirini na miwili na hakuwahi kuona baridi ya namna ile, ingawa Toledo nako kuna theluji. Kutoka hapo alipita Uruguay, Ufilipino, Misri, Uturuki na nchi nyingine tatu ambazo hata yeye huzichanganya mpangilio. Katika mojawapo, klabu ilivunjika katikati ya msimu, na wachezaji wa kigeni wakajua habari hizo pale funguo za vyumba vyao vya hoteli zilipokataa kufungua milango.

Hapa Qatar amekaa misimu mitatu. Analipwa riyali elfu kumi na nne kwa mwezi, miezi minane kwa mwaka, na klabu humpa fleti kule Al Wukair na gari dogo ambalo hulipanda kwa kujikunja. Miezi minne inayobaki halipwi kitu, na mara nyingi huimaliza kwenye ligi fupi za nchi nyingine. Si pesa mbaya, na yeye mwenyewe halalamiki. Anachokisema ni kwamba amechoka, na hulisema neno hilo polepole.

Klabu nyingi huruhusiwa wageni wachache tu. Mgeni aliyeumia anakalia nafasi ya mgeni mzima, kwa hiyo hana thamani. Mchezaji mwenyeji akiteguka kifundo, hupumzishwa na kuletewa matunda. Mgeni akiteguka, wakala wake hupigiwa simu. Ndiyo maana wachezaji hawa hujifunza mapema kuficha maumivu, na wana mbinu zao.

Ya Shaun aliipata Uruguay, kwa Mmarekani mwenzake mzee wa mchezo aitwaye Ronny. Ronny alimwambia kwamba mpinzani akiona bendeji, hukimbilia kuushambulia mguu ule. Basi funga goti zima, lisilouma, na linalouma liache wazi. Atahangaika na mguu wenye nguvu, na wewe utabaki salama.

Mbinu ikafanya kazi. Goti la kushoto lilipoanza kumsumbua, Shaun akafunga bendeji goti la kulia, ambalo halijawahi kumuuma, na lile bovu likabaki wazi bila mtu kulitazama. Akafanya hivyo kwa miaka sita. Anasema ilifika mahali akawa anaifunga hata akienda dukani kununua mkate.

Mwaka jana, siku ya kupimwa kama leo, daktari mpya wa klabu alikuwa na foleni ya wachezaji kumi na saba. Aliiona bendeji, akauliza kama hilo ndilo goti lenye matatizo, na bila kungoja jibu akaandika lipigwe eksrei. Shaun alinyamaza. Picha ikarudi safi kabisa, goti la kijana, na mkataba ukatiwa saini mchana huohuo.

"Nilikaa garini nikacheka mpaka tumbo likauma," anakumbuka. "Niliona nimewashinda wote."

Aliyeshindwa ni yeye. Goti la kushoto, ambalo lingepumzishwa na kutibiwa mwaka jana, limebeba msimu mzima mwingine wa kuruka na kutua kwenye sakafu ngumu.

Mtu wa kwanza kuligundua ni Damaris Nyanchama, Mkenya kutoka Nyamira, ambaye kazi yake ni kukanda na kunyoosha viungo vya wachezaji. Ana miaka minne Doha na anaishi Al Mansoura. Ni mwanamke mfupi, mpole wa sauti, na wachezaji wanamwogopa kuliko wanavyomwogopa kocha.

Damaris ana desturi yake aliyofunzwa na mama mmoja aliyemwingiza katika kazi hii Kisii. Mgonjwa akilala kitandani, yeye huanza na mguu ambao mwenyewe hajaulalamikia. Novemba mwaka jana aliweka mkono kwenye goti la kushoto la Shaun na kulikuta limevimba, lina moto kama sufuria iliyoipuliwa sasa hivi.

"Nikamwambia, Shaun, hii goti yenye umefunga haina kitu," anasimulia. "Sasa nieleze hii ingine."

Akaeleza yote. Damaris anasema alikasirika, kisha akamhurumia, kisha akakasirika tena. Akipeleka ripoti, mtu anafukuzwa katikati ya msimu. Akinyamaza, anamsaidia mtu kujilemaza. Mwishowe walikubaliana kwamba atamkanda goti hilo kila siku kabla ya wengine kufika, na hiyo ndiyo sababu Shaun hushuka zile ngazi mapema hivyo. Damaris alimwonya kwamba gegedu, ule mto laini kati ya mifupa, limelika, na kwamba msimu mmoja zaidi utamfanya atembee na mkongojo kabla hajafika miaka arobaini. Alimwonya pia kwamba hatamfuata mtu na habari hiyo, lakini akiulizwa hatasema uongo.

Mwaka huu fomu ya vipimo imeongezwa mstari, na mstari huo unataka saini ya Damaris kuthibitisha kilichoandikwa. Jana jioni alimwambia Shaun maneno machache tu.

"Kesho usiniingize kwa hii maneno yako."

Saa nne ikafika. Shaun aliingia kwa daktari akiwa na bendeji kwenye goti la kulia. Anaapa hakupanga iwe hivyo. Alikuwa ameamka, akavaa soksi, na mikono ikafanya kazi iliyoizoea.

Daktari alikuwa yuleyule. Alimkaribisha kwa uchangamfu, akaigonga bendeji kwa kalamu, akauliza goti letu linaendeleaje, na akaanza kuandika. Damaris alikuwa amesimama kando ya ukuta na ile fomu mkononi. Shaun alipomtazama, alimkuta ameinamisha macho kwenye vigae.

Ilikuwa imebaki kunyamaza tu, kama mwaka jana. Anasema alimwona Damaris akiibonyeza kalamu yake, ikatoka, ikarudi, ikatoka, na akatambua kwamba safari hii uongo huo hautakuwa wake peke yake.

"Daktari, futa hiyo," alisema. "Ni la kushoto. Hata mwaka jana lilikuwa la kushoto."

Daktari aliiweka kalamu chini. Kisha akamwomba Shaun avue bendeji, akaukunja mguu wa kushoto taratibu, na hata yeye akakunja uso aliposikia mlio wa goti.

Picha ilionyesha mfupa ukisuguana na mfupa. Damaris akatia saini chini ya maneno ya kweli, akatoka nje, na wenzake wanasema alikaa muda mrefu kwenye chumba cha kuhifadhia taulo.

Mudiri wa klabu, yaani meneja, hakufoka. Alimwagizia Shaun chai ya maziwa, akamshukuru kwa misimu mitatu, akamwambia fleti ni yake kwa wiki mbili. Kikao kilichukua chini ya dakika tano. Shaun anasema angependelea kufokewa, maana miaka kumi na minne haifai kuisha kabla kikombe cha chai hakijapoa. Alikwenda garini akalia, na haoni aibu kulisema.

Kisha akangoja hadi saa nane mchana, wakati binti yake Chelsea anaamka kwenda shule. Chelsea ana miaka kumi na mitatu na anaishi na mama yake huko Toledo. Mpira wa vikapu haumpendezi hata kidogo. Yeye hupiga tarumbeta, na baba yake hajawahi kuisikia isipokuwa kwenye simu, ikikatikakatika. Katika siku zake za kuzaliwa kumi na tatu, Shaun amehudhuria mbili.

Alimwambia anarudi nyumbani. Chelsea akauliza swali analouliza kila mwaka, kwamba safari hii atakaa siku ngapi. Safari hii hapakuwa na tarehe ya kuondoka tena.

"Nilimwambia sijui," anasema. "Akaniuliza kama naweza kumpeleka shule Jumatatu. Nikasema Jumatatu ipi. Akasema zote."

Atafanyiwa upasuaji Julai, katika hospitali iliyo karibu na nyumbani kwa dada yake. Baada ya hapo atatafuta kazi. Rafiki mmoja amemtajia nafasi ya kusimamia ukumbi wa michezo wa shule, mwingine amemtajia kuendesha basi la wanafunzi, na zote mbili zinamwogofya kwa sababu hajawahi kuandika barua ya kuomba kazi tangu azaliwe.

Alhamisi alirudi ukumbini kuchukua viatu vyake. Alikwenda kumuaga Damaris, nao wakaongea mlango ukiwa umefungwa, na hakuna aliyetaka kusimulia walichoambiana. Silvesta akamsaidia kubeba begi hadi garini. Silvesta husimama langoni saa kumi na mbili kwa siku, siku sita kwa wiki, na alitaka kujua mkubwa sasa anakwenda kufanya kazi gani huko kwao.

Shaun aliegemea gari, mguu wa kushoto ameuinua kidogo kutoka chini.

"Yoyote," alisema. "Ila nataka iwe kazi ambayo mtu akiumwa anaruhusiwa kusema anaumwa."

Silvesta alilihamisha begi hadi bega la pili.

"Ukiipata hiyo, mkubwa, uliza kama wako na nafasi mbili."

Shaun akamwambia atauliza.