Picha ya Mtoto Anayelia

Mikononi mwangu watoto walikuwa hawalii. Sisemi kwa kujisifu, ingawa wakati ule nilijisifu sana, na majisifu hayo ndiyo yaliyonifikisha pabaya. Mwanzo wa miaka ya sabini nilikuwa nikipiga picha za eksrei katika hospitali moja ya mjini Unguja. Nilikuwa msichana wa miaka ishirini na kidogo, na watoto wote wa kifua waliletwa kwangu. Mama akiingia na mwanawe ameshaanza kutetemeka midomo, mimi nimeshafungua kopo.

Kopo lilikuwa la maziwa ya unga, na ndani nikitia ubuyu, zile kokwa zilizopikwa kwa sukari, iliki na rangi nyekundu, ambazo mtoto hufyonza mpaka midomo ikamwiva, kisha akatema kokwa. Nilikuwa nikinunua kwa bibi mmoja wa Mlandege. Siku zile sukari ilikuwa ya kupangiwa foleni, na yeye aliipata wapi sijui, wala sikumuuliza. Mtoto aliyetiwa ubuyu mdomoni hutulia, na mtoto akitulia picha hutoka safi. Basi nikajiona mjuzi.

Aliyenifundisha kazi alikuwa mzee wa Kihindi, mwembamba, mmoja wa wachache katika wenzake waliobaki baada ya Mapinduzi. Alikuwa mtu wa Mji Mkongwe, na Kiswahili chake kilikuwa safi kuliko changu mimi niliyetoka Chukwani. Kila asubuhi tulizipachika picha zilizokauka kwenye sanduku la taa, moja moja, naye akinizuia mkono.

"Jicho lako lina ulafi," akiniambia. "Linakimbilia penye weupe. Hesabu mbavu kwanza."

Nikahesabu mbavu. Kisha akaniruhusu moyo, kisha mapafu. Weupe ni mfupa na nyama na maji, alinambia, na weusi ni hewa, kwa hiyo pafu zima lazima liwe jeusi. Nilikuwa nimeishi na watu umri wangu wote bila kujua kwamba kila mmoja amebeba kifuani giza zuri namna ile, lenye matawi membamba kama mishipa ya jani la mkungu. Kwa watoto wachanga kifua kizima kiliweza kufunikwa na kiganja changu, na ndani yake mlikuwa na kila kitu, hakuna kilichosahauliwa.

Siku moja katika picha ya mtoto wa miezi mitatu niliona kivuli cheupe kimeuegemea moyo, kimechongoka kama ncha ya leso. Nikatoka nje nikalia, maana mama yake alikuwa amekaa kwenye benchi anamnyonyesha na kucheka na wenzake, hana habari. Mzee akanifuata.

"Unamlilia nani? Ile ni tezi tu. Kila mtoto huzaliwa nayo, akikua inanywea. Hata wewe ulikuwa nayo."

"Mimi?"

"Kwani wewe hukuzaliwa?"

Nikajishika kifua. Jioni ile nilipita Darajani nikiwatazama watu, wachukuzi, wauza samaki, mabibi na mabuibui yao, nikisema moyoni subhanallah, wote hawa walikuwa na ncha ya leso kifuani na hakuna anayeikumbuka. Nadhani sijawahi kuipenda kazi kama nilivyoipenda siku ile.

Sasa niseme la mtoto aliyetoka mtaa wa Mpendae. Alikuwa msichana wa miaka mitatu, ameletwa na mama yake kwa kikohozi cha mafua kilichokawia. Nilimpa ubuyu. Mama yake akamnyanyua mikono, mimi nikamwambia, "Vuta pumzi mwanangu, vuta kama unanusa biriani." Akavuta kwa nguvu zake zote, nami nikapiga picha. Papo hapo akaanza kukohoa, uso ukamwiva, machozi yakamtoka. Nikampiga mgongoni, nikampa maji, na baada ya dakika chache kikohozi kikatulia.

"Kapaliwa tu," nikamwambia mama yake.

Picha ikatoka safi. Mama akanishukuru kwa kuwa mwanawe hakulia, nami nikalisahau jambo lenyewe kabla hawajafika barabarani.

Baada ya wiki mbili wakarudi. Mtoto alikuwa na homa na kifua kinapiga mluzi. Daktari wetu alikuwa mgeni, katika wale waliokuja kutoka nchi za mbali kuziba nafasi za walioondoka, na kila neno lake lilipitia kwa mkalimani. Aliandika pumu. Mama akakataa katakata, akasema kwao hakuna pumu, si kwa baba si kwa mama. Basi akaletwa kwangu kupigwa picha tena. Nilipofungua kopo mtoto akageuza uso, akajificha begani kwa mama yake. Nililiona hilo, nikalipuuza.

Kwenye sanduku la taa nilihesabu mbavu, nikatazama moyo, nikatazama mapafu. "Safi," nikasema.

Mzee aliitazama picha ile muda mrefu. "Pafu la kulia jeusi mno."

"Si ndiyo uzuri wake? Weusi ni hewa."

"Hewa iliyoingia ikashindwa kutoka si uzuri. Nenda kampige nyingine, na mara hii usimbembeleze. Mwache alie. Mtoto akilia hutoa pumzi yote. Nnataka picha ya mwisho wa kilio, kabla hajavuta tena."

Nikamtoa mtoto mikononi mwa mama yake, nikamshika mimi. Akalia kwa sauti nyembamba, inayokatika njiani. Mzee alisimama kwenye mashine ameinamisha kichwa, anakisikiliza kile kilio, kisha akabonyeza.

Hatukungoja picha ikauke. Tuliipachika inachuruzika maji. Pafu la kushoto lilikuwa limepungua, limekuwa dogo na la kijivu, kama linavyotakiwa mtu anapotoa pumzi. La kulia halikupungua hata kidogo. Limebaki kubwa na jeusi, na limeusukuma moyo kando. Ndani ya picha mlikuwa hamna kitu cha kunyoshea kidole, na bado kitu kilikuwamo. Tulikiona kwa ile hewa iliyokosa njia.

"Mna nini?" nikauliza.

"Njia imezibwa. Labda tezi imevimba kwa kifua kikuu, inaibana. Labda kuna kitu kavuta. Ingekuwa shilingi tungeiona. Kokwa haionekani." Hakunitazama alipolitaja neno kokwa. "Picha ishasema yake. Lililobaki aseme mtu."

Daktari alipoiona alielekea kwenye kifua kikuu. Maana yake ilikuwa mtoto alazwe miezi, achomwe sindano, na kitu kikae humo humo kimuozeshe pafu. Mkalimani akamuuliza mama kama mtoto alimeza chochote. Mama akajibu kuwa yeye hampi mwanawe vitu vigumu, na alikuwa anasema kweli. Mimi nilikuwa nimesimama mlangoni. Siku zile neno hujuma lilikuwa jepesi midomoni mwa watu, na mtu aliitwa ofisini kwa makosa madogo kuliko langu. Nilimfikiria baba yangu kule Chukwani, atakavyoipokea habari kwamba mwanawe kaitwa mhujumu. Niliogopa, na sioni haya kulisema. Mzee akanipita kurudi chumba cha giza tunamosafishia picha, akasema chini chini, "Mficha uchi hazai, mwanangu."

"Ni ubuyu," nikasema. "Nlimpa mimi, wiki mbili zilizopita, nikamwambia avute pumzi nao uko mdomoni."

Mkalimani akatafsiri. Mama akanigeukia.

"Si ulinambia kapaliwa tu?"

"Nlikwambia."

Hakupiga kelele. Alimpandisha mtoto begani, akampangusa pua kwa ncha ya kanga, na mimi niliona bora angenitukana.

Asubuhi ya pili walipandishwa ndege kwenda Dar es Salaam, kwa daktari anayeweza kupitisha bomba jembamba kooni mpaka kwenye njia ya pumzi. Daktari wetu alisema bila ya maneno yangu asingewapeleka. Ofisini niliitwa kweli, nikaandikiwa barua ya onyo, na nilistahili. Kopo nilimpa mzee, naye akatia klipu za kutundikia picha. Siku tano nilifanya kazi bila kumbembeleza mtoto yeyote, na kila kengele ya simu ilipolia nilidhani ni habari ya Dar es Salaam.

Siku ya sita mlango ukafunguliwa. Mama aliingia na mtoto kiunoni, akatoa kichupa cha penisilini kwenye fundo la kanga na kukiweka mezani mbele yangu. Ndani mlikuwa na kokwa moja, imefura, rangi yote imetoka.

"Yako hii," akasema.

Nikakichukua. Daktari alitaka picha nyingine ya kuhakikisha, nami nikavaa aproni. Mtoto aliponiona, na meza ile, na mashine ile, akaangua kilio. Mkono wangu ukaenda wenyewe kwenye rafu kutafuta kopo ambalo halipo tena. Nikabaki nao hewani.

Mama alimnyanyua mwanawe mikono. "Mwache alie," akasema.

Nikakisikiliza kilio mpaka mwisho wake, nikabonyeza.

Katika chumba cha giza, chini ya taa nyekundu, picha ilijitokeza polepole kwenye dawa: mbavu, nikazihesabu, moyo, uko mahali pake, mapafu, yote mawili madogo, yote mawili ya kijivu, yametoa pumzi yake yote. Nilisimama pale na picha inanichuruzikia mikononi, na nyuma ya mlango nilimsikia bado analia, kwa mapafu yote mawili.