Siku Niliyogusa Kompaila ya Mzee

Ofisini kwetu Houston hakuna aliyeruhusiwa kugusa kompaila ya zamani, yaani ile programu inayogeuza tunachoandika kuwa kitu ambacho mashine inaweza kuendesha. Katazo lilikuwa la Mzee, mhandisi Mkongomani aliyetunza kwa miaka mingi hesabu zetu za Fortran, lugha kongwe ya kompyuta, za kupima unene wa mabomba ya gesi. "Mdogo wangu, acha ile kitu," aliniambia. "Iko inafanya kazi."

Mimi nami na ujuaji wangu! Nilikuwa nimetoka Nairobi juzi tu, najiona fundi. Siku moja alipoenda kula, nikaweka kompaila mpya. Sikumwambia mtu.

Ile ya zamani ilikuwa inajaza sifuri kila nafasi ambayo hatukuiandikia namba. Mpya haikujisumbua, iliacha uchafu uliokuwamo, kama sufuria isiyooshwa. Wiki hiyo hiyo mabomba mazima yakaonekana kwenye hesabu membamba kama karatasi, na mteja akapiga simu akifoka.

Bosi alituita wote, akauliza nani amegusa hesabu. Mzee alikuwa amebadilisha mistari miwili wiki hiyo. Akavua miwani, akasema kwa Kiingereza chake cha polepole kwamba labda kosa ni lake, umri umeanza kumchezea.

Nilijiambia kwamba kwetu humpingi mzee mbele za watu. Heshima gani hiyo, jamani? Ulikuwa woga mtupu, na nilijua hata nilipokuwa nimeinamisha kichwa.

Kesho yake nikairudisha kompaila ya zamani kimyakimya. Namba zikakaa sawa, nikampelekea bosi, naye akanipongeza kwa kurekebisha kosa la Mzee. Mwisho wa mwezi Mzee aliacha kazi mwenyewe, akahamia Dallas kwa binti yake, mtaa wa Vickery Meadow. Alisema hajiamini tena.

Jumamosi moja niliendesha gari hadi kwake, nimeapa kusema yote. Nilikuta mkewe ameshaandaa fufu ya muhogo, samaki na sombe, kisamvu cha kwao. Nikafungua mdomo, lakini Mzee akanitangulia, akawaita wajukuu sebuleni.

"Mumuone huyu," akawaambia. "Babu yenu aliharibu kazi, huyu akaitengeneza. Na hakunicheka hata siku moja."

Watoto wakanipa mkono mmoja mmoja. Mzee akanisogezea kipande kikubwa cha samaki. Nikasema, "Asante, Mzee," nikala.