Mama wa Mpapura aliyegoma kulia kwenye audition

Wakuu, sogeeni karibu nisimulie taratibu. Hili limenipata mimi mwenyewe na sijaongeza chumvi.

Kazi yangu ni kutafuta waigizaji wa filamu ndogo, zile zinazotengenezwa bila kampuni kubwa nyuma yake. Wenyewe tunaita casting. Nakaa Chuno, Mtwara mjini.

Filamu yenyewe ilihusu mama mkulima wa korosho anayefiwa na mumewe. Mwongozaji, dada Neema, alinipa mpaka Ijumaa nimletee mama wa huku huku. Nikishindwa, analeta mwigizaji kutoka Dar.

Sikutaka tufike huko. Mtu wa Dar akijifanya mama wa Mpapura, sisi tunamjua kabla hajamaliza salamu.

Alhamisi, kijijini Mpapura, nikampata Bi Somoe, mkulima kweli kweli. Nilimkuta nyumbani kwake anabangua korosho huku anamsema jirani kuhusu mbuzi. Nikajua ni huyu.

Akakubali kujaribu, nikawasha kamera ya simu. Scene ya kwanza, anagombana na mnunuzi wa korosho: safi kabisa.

Ya pili, anaambiwa mumewe amefariki, amwite kwa jina, Hamisi, na kulia. Akakaa kimya. Tukarudia hadi mara ya tatu. Kimya, mikono mapajani.

Hapa ndipo nilipokosea. Nikadhani ameogopa kamera, nikaanza kumfundisha kulia. Mwanamke aliyezika wazazi wake, mimi namfundisha kulia.

Mwisho nikaweka simu chini. "Mama, kuna nini?"

"Mwanangu, huyo marehemu wenu mmempa jina la mume wangu. Na baba Fatu mwenyewe mzima. Yuko nje hapo na muhogo wake. Nimlilie mtu anatafuna? Hata hilo jina lake mimi silitaji."

Mzee mwenyewe akadakia kutoka uani: "Mmeshaniua mara tatu leo. Muhogo nimalize, au niwaachie wafiwa?"

Tukacheka mpaka Bi Somoe akajifuta macho.

Ile script nilikuwa nimeisoma mara kibao. Na mimi ni wa huku huku, najua mke humwita mumewe baba fulani, na kumtamkia kifo mtu aliye hai ni uchuro. Nilijua, ila sikuuliza mumewe anaitwa nani.

Nikampigia Neema, tukakubaliana marehemu awe baba Zena. Nikaenda uani kumwomba mzee radhi na ruhusa.

"Huyo simjui," akasema. "Mlilieni."

Bi Somoe akalia. Wanawake wawili wakaja mbio kutoka njiani kuuliza msiba uko wapi.

Neema alipotazama ile video akanijibu neno moja: "Huyu."

Nilichojifunza: mtu akikwama, usikimbilie kusema hana kipaji. Huenda wewe ndiye uliyemwekea kizuizi.

Mliowahi kuigiza au kusaka waigizaji, nanyi mwageni yenu hapa chini, nitasoma yote.

Na kama una audition wiki hii, kabla hujampa mtu maneno ya kusema, muulize majina ya watu wa nyumbani kwake, na yakiwemo kwenye script, uyabadilishe.