Mtamba wa Mayu

Nilikwenda kijiji kimoja upande wa Tinde kupiga filamu ya ng'ombe wanaorudi zizini. Kazini kwangu naweka kamera, nakaa pembeni, sisemi, wala simwombi mtu arudie kitu. Mwenye zizi alikuwa mjane ambaye kijiji kizima kilimwita Mayu, yaani mama. Mimi niliomba siku saba, yeye akataja mbili, tukakubaliana nne, kwa sharti moja.

"Piga picha utakavyo. Ila ng'ombe wangu usiwahesabu. Kwetu ni mkosi."

"Nimesikia, Mayu," nikasema, mimi ambaye hata mayai nayahesabu dukani, nikifika nyumbani nayahesabu tena.

Jioni ya tatu uwanda wote uligeuka rangi ya shaba. Ng'ombe wakatokea ndani ya vumbi lao wenyewe, pembe kwanza, wakapita langoni mmoja mmoja. Nikahesabu kimoyomoyo. Arobaini na saba, kama jana. Nikarudisha picha nyuma kwenye kioo cha kamera. Arobaini na saba.

Mayu, aliyekuwa akipeta mtama kando ya lango, akaweka ungo chini.

"Mtamba mwekundu hayupo. Yule mwenye baka usoni." Akamgeukia mchungaji, mdogo wa marehemu mumewe. "Shemeji, ulilala huko? Ana mimba ya kwanza yule. Akizalia porini, fisi watamla ndama hata hajasimama."

"Wote nimewaleta, shemeji!"

Nikamwonea huruma yule bwana, nikasahau kazi yangu na ahadi yangu. "Wametimia, Mayu. Arobaini na saba, mara mbili."

Akanitazama kama mtu aliyerudishiwa chenji pungufu.

"Na huyo mweusi wa pembe iliyovunjika? Wa jirani huyo, amefuata wenzake. Haya, kamua hesabu yako tunywe maziwa."

Akaondoka bila kuuliza njia, mimi na shemeji nyuma yake, moja kwa moja hadi kwenye ngitili, malisho yanayofungwa kusubiri kiangazi, ambako majani yanafika kiunoni. Mimi niliona majani tu, mpaka mbingu inapoanzia. Yeye alisimama, akapiga mluzi mwembamba, akangoja. Akapiga tena. Mbali kidogo, kitu kikakoroma.

Mtamba alikuwa amelala ubavu, miguu miwili ya ndama imeshatoka. Shemeji akataka kuvuta. Mayu akamshika mkono. Tukasimama watatu, huku fisi wa kwanza akilia upande wa pili wa ngitili. Ndama akateleza chini, mama yake akageuka kumlamba. Ndama akajaribu kusimama, akaanguka. Akaanguka tena. Mayu hakumgusa. Midomo yake tu ilikuwa ikicheza.

Miguu minne ikashika ardhi, ndama akatafuta chuchu, akaipata.

Nilikuwa nimeshika kamera kwa mikono miwili, na bado picha ile inatikisika yote. Sijaikata hata kipande.