Mvua Isiyoonekana kwenye Kompyuta

Jumanne nilipanga foleni ya mbegu za maharage katika ofisi moja hapa Karatu. Mbele yangu alisimama mzee kutoka Buger, mvua imempiga njia nzima, koti linachuruzika maji. Karani aliikodolea macho kompyuta waliyoletewa mwezi jana.

“Mzee, mbegu ni za kata zilizopata mvua. Buger bado.”

Mzee akafungua kitambaa, akaweka juu ya kaunta donge la udongo alilochota shambani kwake asubuhi ile. Akalifinya, likashikamana. Kila mkulima wa huku anajua udongo ukishikamana hivyo, unapanda leo.

“Finya na wewe, mwanangu.”

Karani akasogeza kibodi mbali na tope. “Mimi naangalia kilichomo humu. Rudi wiki ijayo.”

Wiki ijayo kwa mkulima ni msimu uliokwisha kupita. Mpaka naandika hapa, hasira haijanitoka. Mzee akafunga donge lake, akaondoka.

Karani huyo huyo akatazama sakafu pale aliposimama mzee, akamwita mfagizi: “Njoo ukaushe haya maji, mtu asije akateleza.”