Mdudu Aliyekula Khanga za Mwali

Ninyi vijana mtakaosoma maandishi haya, kaeni vizuri kwanza, na anayetafuna kitu ameze. Shuleni mmefundishwa habari za kipepeo: yai huwa kiwavi, kiwavi hujifungia kwenye kifuko chake, akitoka ana mabawa na mamaye mwenyewe hawezi kumtambua. Ni kweli, hata mimi nimeyaona kwenye mbaazi zangu. Lakini yuko mdudu mwingine asiye na safari hiyo. Anatoka kwenye yai akiwa na sura ileile ya mama yake. Anavua ngozi, anazidi urefu kidogo, anavua tena, na ni yeye yule. Nyumbani kwetu hatukulijua jambo hilo, na kwa kutolijua nilimsikiliza mtu nisiyepaswa kumsikiliza. Aliyelipia ni binti yangu, yule ambaye kwa wengine wenu ni mama na kwa wengine ni shangazi.

Mimi niliishia darasa la nne, shule ya misheni Lulindi. Msihangaike kunisahihisha. Someni tu.

Nilizaliwa Newala nikaolewa Chiwata. Mungu alinipa watoto wa kiume wakafuatana, halafu akanipa msichana mmoja, akafunga. Sasa sisi ukoo wetu unakwenda kwa mama. Mwenye watoto wa kiume watupu ukoo wake unamwishia mkononi. Kwa hiyo binti huyu alipozaliwa, kitu cha kwanza nilichowaza ni siku atakayotoka unyagoni.

Siku hizi mnawatoa wali kwa magauni ya kushona. Wakati wetu mwali alitoka na khanga mpya ambayo haijaguswa na maji. Tulitaka ule wanga wa kiwandani uwe bado ndani yake, nguo iwe ngumu kama karatasi, na mwali akitembea isikike. Kungwi, yule mama anayewafunda, aliishika nguo kwa ncha mbili akaikung'uta karibu na sikio lake. Ikilia, anamvika. Isipolia, anaikunja na kumrudishia mwenyewe mbele za watu. Watoto wa misheni tulikuwa tunaombewa na padri kabla ya kuingia, na Jumapili baada ya kutoka tulikwenda kanisani kwa mstari. Mstari huo ulikuwa unalia njia nzima. Akina mama walisimama vibarazani kusikiliza.

Na mwenye kumtoa mwali ni mjomba wake. Baba analisha, mjomba anavika. Ndivyo ilivyo kwetu.

Lakini ulikuja wakati ambao nguo haikuwepo. Duka la kijiji lilikuwa na mbao tupu na mwuzaji. Nguo ikifika inagawiwa kwa nyumba kumi, na balozi anajua nani ampe. Watu walikwenda shambani wamevaa magunia, msifikiri ni hadithi. Wakati huo ndugu yangu, mdogo wangu wa tumbo moja, alikuwa hana hili wala lile, na binti yangu alikuwa ndio kwanza anatambaa. Sikumsubiri. Nilipanga foleni mwenyewe, nikalala kibarazani pa duka, nikapata doti moja, na mgao mwingine nikapata ya pili. Mimi mwenyewe nilikuwa na khanga moja ya kiraka. Zile sikuzigusa. Niliziweka kwenye sanduku la mbao alilonitengenezea marehemu baba, nikaliinua juu ya mawe, nikaweka majani makavu ya mwarobaini na majivu kuzunguka miguu yake. Kila kiangazi nilizitoa nikazianika kivulini penye upepo, nikazikunja upya kwa mikunjo mingine, nikazirudisha. Ndugu yangu nilimwambia kwamba siku ya kumtoa mpwa wake atanyoosha mkono tu, nguo zipo. Akafurahi sana. Nani asingefurahi.

Halafu mambo yakafunguliwa. Tukaambiwa kila mtu anunue na auze atakavyo. Wanunuzi wa korosho wakaja na malori yao, ushirika ukabaki na mizani. Ndugu yangu akapata tajiri Newala, akawa mtu wake wa vijijini. Alikuja na baiskeli mpya na miwani ya jua. Kazi yake ilikuwa kuleta bidhaa na kuzishikilia mpaka masika, wakati mahindi yameisha ghalani na watu wana njaa, hapo anawapa khanga au sabuni, nao wanamwahidi korosho ambazo hata hazijatoa maua. Mnajua jina la biashara hiyo. Mpaka leo inatajwa kwa sauti ya chini.

Mvua za kwanza zilipoanza aliteremsha maboksi kwangu. Alisema nyumba yangu ndiyo yenye bati, kwake nyasi zinavuja. Aliyapanga chumba cha ndani, mengine mbele ya sanduku langu, mengine juu yake, mpaka darini. Nilimwambia asogeze, sanduku lile nalifungua.

"Dada, usiyaguse," akasema. "Si mali yangu hiyo, ni mali ya tajiri. Boksi likianguka mimi nimekwisha."

Mume wangu nilipomgeukia akasema yule ni ndugu yangu, yeye hayumo. Kwetu mume hana neno mbele ya shemeji yake kuhusu mambo ya ukoo, na yeye alilijua hilo akajificha humo vizuri kabisa.

Maboksi hayajamaliza mwezi humo ndani, mambo yakaanza. Nilikuwa nafagia asubuhi, nikaona kidudu kinapita ukutani, kinang'aa kama bati jipya, chembamba nyuma kipana mbele, na nyuma kina nywele tatu. Anakwenda kwa kujipinda, ukimgusa unabaki na unga wa kijivu kidoleni. Nikainua kona ya boksi. Walikuwa humo, kwenye gundi ya makaratasi, wakubwa kwa wadogo, wakatawanyika. Sijawahi kuwaona nyumbani kwangu kabla ya maboksi hayo. Sisi kila kinachokula nguo tunakiita nondo, jina lake hasa sikulipata.

Ndugu yangu alipopita nilimwonyesha. Aliangalia kidogo, akacheka.

"Hao ni watoto wa nondo. Subiri waote mabawa, dada, wataruka wenyewe waende zao. Ndiyo tabia ya mdudu. Ukiwaona wadogo hivi, jua hawajaanza kula nguo, wanakula vumbi."

Nilimwomba ayaondoe maboksi siku moja tu, nianike nguo. Akasema mvua hii utaanika wapi. Kwenye hilo alikuwa na haki, ilinyesha mfululizo. Lakini aliponiambia habari za mabawa sikutulia. Nilikamata mmoja mdogo, nikamtia kwenye chupa ya mdomo mpana pamoja na kipande cha karatasi ya boksi, nikaiweka dirishani jikoni. Nilitaka nione hayo mabawa yanaanzia wapi, ili nijue nina muda gani.

Masika yote nilikuwa naitazama chupa ile nikisubiri uji uchemke. Hakuweza kupanda kwenye chupa, kila akijaribu anateleza. Karatasi aliikwangua juu juu ikawa nyembamba kama ngozi ya kitunguu. Hakujifunga kwenye kitu chochote. Hakulala. Siku moja nikakuta ngozi tupu, nyeupe, yenye miguu yake na nywele zake, nikasema haya sasa, ametoka nondo. Nikatikisa. Alikuwa pembeni, yuleyule, amenenepa kidogo tu. Baadaye ikawa hivyo tena. Wala hakuacha kula, siku moja hakuacha. Hapo nikaelewa kwamba huyu hana utoto wa kungoja. Alipotoka kwenye yai alikuwa ameshakuwa yeye, na meno yake ni yaleyale.

Nilimtuma mwanangu mkubwa kwa baiskeli mpaka Newala, amwambie mjomba wake aje atoe maboksi leo hii. Mjomba alijibu kwamba barabara ni tope. Nikawaita wanangu tuyasogeze wenyewe. Mume wangu akasimama mlangoni, akauliza kama tuna cha kumjibu tajiri wa watu mali ikiharibika. Wanangu wakaniangalia. Tukayaacha. Kumbukeni kwamba mambo ya mjomba hayaguswi na watoto, na wale walikuwa watoto wa kufundishwa.

Likizo ya mwezi wa sita binti yangu aliingia unyagoni na wenzake, wakawekwa ndani hapohapo kwangu. Maboksi yaliondoka nusu, yaliyokuwa juu ya sanduku yakapungua, nikaweza kufungua. Ilikuwa wiki ya kutoka. Kungwi alikuwa amekuja kuiona nguo, kama ilivyo desturi, amekaa kwenye mkeka uani.

Kwa juu zilionekana nzima. Nilimshukuru Mungu mapema mno. Nilipoishika ya kwanza na kuikunjua, ilifunguka kama dirisha. Palipokuwa na mkunjo palikuwa na matundu, na tundu la huku linatazamana na la kule, safu nzima, kwa sababu walipita tabaka zote. Mahali pengine hawakutoboa, walikwangua wanga wote na rangi kidogo, nguo ikalegea kama ya kufuta vyombo. Ndani ya pindo walikuwepo, wakubwa kwa wadogo, na ngozi zao walizozivua zimelala kama makapi. Ya pili ndiyo waliyoanzia, nayo ilikuwa mbaya zaidi.

Kungwi hakuikung'uta. Aliiweka mapajani akaipapasa. "Mama mwali," akasema, "hii imekwisha kuliwa sauti."

Siku hiyohiyo ndugu yangu alikuja kuchukua maboksi yaliyobaki. Nilimkuta chumba cha ndani anahesabu. Boksi moja lilikuwa wazi kwa juu. Ndani kulikuwa na khanga mpya, zimefungwa kwenye nailoni kwa bunda, nyekundu na bluu, hazina hata alama. Wadudu walikula boksi lenyewe na gundi yake, nailoni hawakuiweza, wakahamia kwangu. Nilisimama hapo nikiangalia. Alinisalimia, akasikia habari, akasema pole.

"Fungua bunda moja," nikamwambia. "Umtoe mpwa wako."

"Dada, bunda likivunjwa limevunjwa. Tajiri nitamwambia nini?"

"Mwambie umekuwa mjomba."

Alicheka, si kwa ubaya, ndivyo alivyozoea kucheka tangu apate miwani. "Enzi za foleni zimepita, dada yangu. Sasa ni soko huria. Mtaona wenyewe khanga zinavyomwagika huku, mpaka mtafutia masufuria. Mtoto atoke na yoyote leo. Nani anasikiliza wanga siku hizi?"

"Anatoka Jumamosi," nikasema. "Hasubiri soko."

Akaangalia chini. Halafu akachukua kamba akaanza kufunga boksi. Nilimwona anakaza fundo mara ya pili ilhali la kwanza lilikuwa limekaza. Binti yangu alikuwa upande wa pili wa ukuta, kwenye chumba cha wali, na ukuta wetu ni wa udongo. Alisikia yote.

Jirani yangu alinipa khanga yake nzuri, aliyoifua mara chache. Tukaipika kwenye maji ya muhogo ili ikakamae, tukainyoosha kwa pasi ya mkaa. Asubuhi ililia kidogo. Lakini mwali amepakwa mafuta mwili mzima, na jua likapanda, muhogo ukayeyuka, mpaka wanafika uwanjani nguo imemgandama miguuni. Wenzake watano walikuwa wanalia kama majani ya migomba makavu. Wangu alipopita palikuwa kimya. Mawifi zangu walikuwa wamekaa mbele kabisa.

"Huyu anatembea kama paka," mmoja akasema.

"Mwache, mjomba wake mfanyabiashara," akajibu mwingine. "Nguo zake ziko njiani."

Watu walicheka. Mjomba mwenyewe alikuwepo, amempa mpwa wake noti mkononi, na alicheka pamoja nao, maana alidhani ndiyo njia ya kulimaliza. Binti yangu alikuwa ameinamisha kichwa kama mwali anavyotakiwa, kwa hiyo hakuna aliyeona uso wake. Mimi niliona miguu. Alikuwa anakanyaga kwa nguvu, mtoto yule, anatupa mguu mbele ili nguo itoe sauti, na nguo haikutoa. Jumapili alikataa kwenda kanisani. Alisema tumbo linauma. Sikumlazimisha.

Ndugu yangu hakusema uongo kuhusu soko. Khanga zilikuja, zikamwagika, na leo mnafutia masufuria kweli. Haikunisaidia kitu. Binti yangu alipoolewa alimtaka mtu mwingine asimame mahali pa mjomba, ikaleta maneno kwenye ukoo ambayo hayajaisha hata baada ya mazishi mawili.

Baada ya kutoka kwa wali hazikupita wiki nyingi, nikasikia kengele ya baiskeli ya ndugu yangu. Nyuma yake alikuwa kijana na mkokoteni, na mkokotenini maboksi mapya ya msimu unaokuja. Wanangu walikuwa uani wanabangua korosho, mume wangu kwenye kiti chake. Nilisimama mlangoni kabla hajafika, nikawaambia wote kwa pamoja, na baba yao akisikia:

"Mjomba wenu anakuja. Mwamkieni kwa heshima, mpeni kiti, mpeni maji ya kunywa. Mzigo wake haupiti mlango huu."